Mgongo Nyuma ya Kioo

Ofisi ya Mafao haikumpokea mtu bila miadi, na miadi haikutolewa ila kwa simu. Fundo aliisoma sentensi hiyo kwenye karatasi iliyobandikwa mlangoni, akairudia, kisha akamgeukia askari wa lango.

"Mimi sisikii," alimwambia. "Ndiyo shida iliyonileta."

Askari alijibu kwa maneno marefu, na Fundo aliyasoma yote midomoni mwake bila taabu, maana kijana alikuwa hana sharubu na hakutafuna maneno. Alisema sheria hakuitunga yeye, namba ya simu iko pale chini, na mama atafute mtu wa kumpigia. Halafu, kwa kuwa hakuwa mtu mbaya, akaongeza, "Hata wenye masikio mazima wanashinda kutwa kwenye hiyo simu."

Mtu wa kumpigia hakuwa wa kutafutwa. Alikuwa na Tarumbeta.

Walikuwa wamefanya kazi pamoja miaka ishirini na sita katika kiwanda cha nguo, kwenye ukumbi wa mitambo mia moja na arobaini ya kufumia. Majina yao ya kuzaliwa yalibaki kwenye karatasi za mishahara. Ukumbini yeye aliitwa Fundo, kwa sababu uzi ukikatika aliuunga kwa fundo dogo kama punje ya ufuta, bila kutazama, huku jicho lake likilinda mtambo wa pili. Mwenzake aliitwa Tarumbeta kwa ajili ya sauti yake, ingawa mahali pale sauti ilikuwa mali isiyo na soko. Mitambo ikishaanza kwenda, hata ungempigia mtu kelele sikioni asingeambulia kitu. Kwa hiyo wafumaji walizungumza kwa midomo mitupu. Walilifinyanga kila neno taratibu, bila kutoa sauti, na mwenzao akalisoma kutoka safu ya nne. Hivyo ndivyo walivyoulizana hali za watoto, wakataniana, na wakamsengenya meneja naye amesimama katikati yao akidhani wanatafuna kitu. Mazungumzo hayo yalikuwa na adabu moja tu: anayesema humwelekea anayemsemesha. Ukimwona mtu anakupa mgongo kwanza ndipo anafungua mdomo, ujue unasemwa.

Mitambo ilimwachia Fundo sehemu ndogo ya sikio la kulia, basi. Daktari alimwandikia kwamba kilichobaki kingeweza kumfaa kwa msaada wa kifaa cha kusikia, lakini kwa sharti kivaliwe mwaka huu. Akichelewa, kifaa hakitakuwa na cha kukuza. Kifaa cha namna hiyo Ofisi ya Mafao ilikitoa kwa yeyote aliyepoteza usikivu wake kazini. Isipokuwa, ilisema fomu katika kifungu cha saba, mfanyakazi aliyepewa vikinga masikio akakataa kuvivaa. Huyo hana dai.

Fundo alikipita kifungu cha saba kwa utulivu. Hakuna mfumaji aliyewahi kupewa vikinga masikio katika ukumbi ule. Waliziba masikio yao kwa vinyoya vya pamba walivyookota sakafuni. Kulikuwa na jozi moja tu ya vikinga, nyekundu, na jozi hiyo ilikuwa ya msimamizi.

Kwa miaka tisa ya mwisho msimamizi alikuwa Tarumbeta.

Alikuja Jumatatu saa mbili asubuhi, simu mkononi, akaketi jikoni kwa Fundo kama mtu wa nyumbani, ambaye kwa kweli ndiye aliyekuwa. Ni yeye aliyemwombea Fundo kazi kiwandani, ni yeye aliyemshika mtoto wa Fundo, Fundo mwenyewe alipolazwa hospitali. Alimzidi miaka miwili na hakuacha jambo hilo lisahaulike.

"Mdogo wangu, kaa hapa mbele yangu unione," alisema kwa mdomo mtupu, kama zamani, huku simu ikiwa sikioni. "Wanasema bonyeza moja kama umefiwa, mbili kama umestaafu, tatu kama umeumia kazini."

"Tatu, dada."

"Tatu. Sasa wananipigia muziki."

"Wa namna gani?"

"Wa kubembelezea watoto. Wanataka tusinzie tusahau shida zetu."

Muziki ulichukua dakika arobaini na tano. Fundo aliziangalia kwenye saa ya ukutani. Mtu alipopokea, Tarumbeta aliketi wima akaanza kusema kwa sauti, na Fundo akayafuata maneno yote: namba ya dai, tarehe ya kuzaliwa, jina la kiwanda, ndiyo, shahidi yupo, ni mimi mwenyewe ninayezungumza. Ndipo Tarumbeta akainuka. Alikwenda mlangoni na kusimama pale akiutazama ua, na kwa muda wa nusu dakika hivi Fundo aliona mgongo wake tu na mabega yanayocheza.

"Mtandao," Tarumbeta alisema aliporudi. "Hapa ndani unakatika. Na nimekaa pabaya, mwanga wa dirisha ulikuwa unanichoma macho."

Fundo hakuona sababu ya kuuliza zaidi. Miadi ilikuwa imepatikana: Jumatano ya wiki ya tatu, saa tatu asubuhi, chumba namba sita. Alete kitambulisho halisi, barua ya ajira, kipimo cha usikivu kisichozidi miezi mitatu, picha mbili ndogo, nakala zote zikiwa na muhuri wa wakili, na shahidi mmoja aliyefanya kazi katika ukumbi uleule.

Alijiandaa kwa namna alivyokuwa akiandaa mtambo, yaani hakuacha uzi hata mmoja kwa bahati. Kiwanda kilishafungwa, hivyo barua ya ajira aliifuata kwa mfilisi, mara ya kwanza akaambiwa mwenye funguo hayupo, mara ya pili akamkuta mwenye funguo lakini muhuri haupo. Mara ya tatu alifika kabla ya ofisi kufunguliwa akakaa kwenye ngazi. Kipimo alikirudia, kwa kuwa cha zamani kingekuwa kimepitisha muda kwa siku nne. Karatasi alizipanga kwa mfuatano wa tarehe, akazipa namba kwa kalamu ya risasi, akazitoboa pembeni ili azishone kwa uzi wa kiwandani.

Ukurasa wa tisa ulikuwa picha. Ilipigwa siku mtambo mpya ulipozinduliwa, na kampuni ilimpa kila aliyekuwemo nakala yake. Wanawake kumi na wanne wamesimama katika aproni za kazi, mitambo iko nyuma yao, na ukitazama vizuri unaona vinyoya vyeupe vimechomoza masikioni mwa kumi na watatu. Wa kumi na nne, katikati, hana pamba. Ana jozi nyekundu shingoni.

Mke wa mwanawe, aliyekuwa mwalimu na macho yake yamezoea kusahihisha, aliigonga picha kwa kidole. "Mama, haya mengine yote ni maelezo," alisema, akimwelekea vizuri. "Huu ndio ushahidi."

"Tarumbeta ataeleza yote kwa mdomo wake."

"Aeleze. Na picha uipeleke."

Siku mbili kabla ya miadi Tarumbeta alikuja kumfanyisha mazoezi. Alilipekua faili ukurasa kwa ukurasa akisifu, hadi alipofika wa tisa.

"Hii unaipeleka ya nini?"

"Inaonyesha pamba."

"Inaonyesha nilivyonona. Nitazame hapa, kama robota la pamba lililovishwa aproni." Alicheka, na Fundo naye akacheka. "Sikiliza, mdogo wangu. Karani anapenda karatasi chache. Ukimpa picha ataanza, huyu nani, yule nani, yuko wapi siku hizi, mnapoteza saa nzima. Mimi si nitakuwepo? Picha ya nini, na mtu mwenyewe yupo?" Alikuwa bado ameishika. "Nipe nikae nayo. Yangu ililoa mvua ikaharibika."

Fundo alimpa. Hakulipima jambo hilo, na baadaye hilo ndilo alilojilaumu nalo, kwa sababu kila kitu kingine katika faili lile alikuwa amekipima. Tarumbeta aliitia picha mkobani, akavaa miwani ya kusomea ya Fundo, akajinyoosha kitini.

"Mimi sasa ni karani. Jina?"

"Jina unalijua, dada."

"Karani hana dada. Jina?"

Fundo alitaja jina lake kamili, ambalo lilisikika kigeni hata kwake mwenyewe. Wakaendelea: miaka mingapi, safu gani, zamu ngapi kwa wiki.

"Ulipewa vikinga masikio?"

"Hapana."

"Una hakika?"

"Hata siku moja. Msimamizi alikuwa na jozi moja, nyekundu."

Tarumbeta aliivua miwani. "Ya nyekundu usiyatie. Ukisema mengi utaonekana umefundishwa. Wewe sema hapana, mimi nitasema hapana. Hapana mbili zinatosha."

Jumatano walifika robo saa kabla. Sehemu ya kusubiria ilikuwa na mabenchi sita ya chuma yaliyofungwa sakafuni na skrini ya namba ukutani, jambo lililompendeza Fundo, kwani namba huonekana. Kando ya ukumbi vilipangwa vyumba vidogo vya kioo. Chini kioo kilipakwa rangi nyeupe hadi usawa wa meza. Juu kilikuwa wazi kabisa. Karani wa chumba namba sita alikuwa mtu wa makamo, kola yake imepigwa pasi vizuri. Alitoka akasimama mbele yao na kusema polepole, kwa kuwa fomu ilikuwa imemwarifu habari za masikio:

"Tutaanza na shahidi. Atahojiwa peke yake, kama alivyoomba."

Kama alivyoomba. Fundo aligeuka amtazame Tarumbeta, lakini Tarumbeta alikuwa ameshainuka, anatengeneza kamba ya mkoba begani.

Nyuma ya kioo, karani aliketi akiuelekea ukumbi, dirisha la barabarani likiwa nyuma ya kichwa chake. Kiti cha mgeni kilikuwa kimewekwa ubavuni mwa meza, ili mgeni aonekane upande. Tarumbeta alikishika kwa mikono miwili akakizungusha. Karani alifanya ishara ya kumwambia kinakaa vizuri hapohapo. Tarumbeta alikizungusha hata hivyo, akaketi, na kioo chote kikajaa mgongo wake.

Fundo aliitafutia sababu. Alijaribu ya mwanga, kwa kuwa ndiyo aliyokuwa nayo. Lakini mwanga ulitoka kwenye dirisha lililokuwa nyuma ya karani, na kwa kukigeuza kiti Tarumbeta alikuwa amejielekeza palepale unapotoka. Macho yaliyochomwa na dirisha la jikoni yalikuwa yanalitazama hili bila kupepesa. Sababu ile, basi, haikufaa leo, na kama haikufaa leo haikuwa imefaa hata ile Jumatatu.

Mabega ya Tarumbeta yalianza kucheza.

Alichosahau Tarumbeta, au alichokuwa hakijui kwa sababu hakuwahi kufanya kazi na makarani, ni kwamba karani akiandika maelezo ya mtu huyatamka mwenyewe, neno moja baada ya jingine, yasije yakamtoka. Huyu alikuwa na tabia hiyo. Kichwa aliinamisha kidogo tu, na midomo yake ilisomeka vizuri kutoka benchi la pili.

"Vikinga," ilisema midomo. "Vilitolewa. Kila mwezi."

Mabega yalicheza.

"Yeye. Alivitundika. Kwenye mtambo. Alisema vinamtoa jasho."

Yakacheza tena.

"Nilimwonya. Mara nyingi."

Karani akaliinua daftari lenye jalada la buluu, akalifungua akaligeuza. "Sahihi hii ni yako?" Kichwa cha Tarumbeta kiliinama na kuinuka.

Fundo alilijua daftari lile. Kila mwisho wa mwezi Tarumbeta alikaa kwenye meza ya msimamizi akalitia sahihi, na wafumaji waliamini ni la mgao wa sabuni. Kumbe kwa miaka tisa alikuwa ameshuhudia kwa maandishi kwamba vikinga vimegawiwa ambavyo havikuwahi hata kuingia ukumbini. Leo angesema hapana, angekuwa amejishtaki mwenyewe, na pensheni yake ya usimamizi ingefunguliwa upya. Fundo aliyaunganisha mambo hayo kwa haraka, kama uzi uliokatika, na hesabu yake haikuacha mwanya. Alimwelewa Tarumbeta barabara. Kumwelewa hakukupunguza chochote.

Tarumbeta alitoka baada ya dakika kumi na mbili. Walikutana mlangoni, na hapo alimshika Fundo mkono, akamwelekea uso kwa uso kama adabu inavyotaka, akasema kwa mdomo mtupu, kila neno limefinyangwa vizuri:

"Tayari, mdogo wangu. Nimesema hapana."

Fundo aliingia akaketi. Kiti alikirudisha ubavuni mwa meza, mahali pake.

Sasa alikuwa na shida ya namna ya pekee. Aliyajua maelezo yote ya shahidi, na hakupaswa kujua hata neno. Angeyajibu kabla ya kuulizwa, karani angemwuliza ameyasikiaje, na mtu aliyesikia kupitia kioo hadai masikio. Kwa hiyo alikunja mikono juu ya faili akangoja. Karani alichukua karatasi safi na kuandika kwa herufi kubwa, taratibu, akiyatamka maneno, na Fundo aliyasoma mara mbili, midomoni na kwenye karatasi, na mara zote mbili uso wake ulikuwa wa mtu anayeyapata kwa mara ya kwanza.

SHAHIDI WAKO ANASEMA ULIPEWA VIKINGA UKAKATAA KUVIVAA. DAFTARI LINASEMA HIVYO HIVYO. UNA JIBU?

"Si kweli," alisema. "Wafumaji hawakupewa. Hilo daftari aliyelitia sahihi ni nani?"

Karani alisita, kisha akaligeuza. Fundo aliipitia ukurasa baada ya ukurasa sahihi ileile iliyopinda mwishoni, ambayo alikuwa ameiona kwenye kadi za harusi na kwenye bahasha za rambirambi nyumbani kwake.

"Mtu akilitia sahihi daftari la uongo," aliuliza, "akiletwa hapa kuwa shahidi, mnategemea aseme nini?"

Karani aliiweka kalamu chini. Alipojibu alijibu kwa mdomo, akamwelekea vizuri. "Mama, mimi naandika kinachosemwa. Una ushahidi mwingine? Barua, picha, mtu mwingine?"

Neno picha alilisoma kama mtu anayegongwa begani. "Upo," alisema. "Sinao hapa."

"Kifungu kinakupa siku ishirini na moja. Baada ya hapo dai linafungwa, na halifunguliwi tena. Miadi mpya utaomba kwa..." Karani alikatisha, akaitazama fomu yenye habari za masikio, akavuta daftari lake la miadi. Alimwandikia mwenyewe tarehe na saa kwenye kipande cha karatasi. "Shahidi awe yuleyule?"

"Hapana," alisema Fundo.

Tarumbeta alikuwa anamngoja kwenye ngazi za nje, ameegemea reli ya chuma. "Wamesemaje?"

"Ile picha iko wapi?" Fundo hakuweza kuipima sauti yake, lakini askari wa lango aligeuka, kwa hiyo haikuwa ndogo.

"Picha gani?" Halafu, "Aa, ile. Sijui niliitupia wapi. Wajukuu hawaachi kitu mahali pake."

"Tulikuwa kumi na wanne. Kila mmoja alipewa yake. Wawili wamekufa, nakutoa wewe, najitoa mimi. Wanabaki kumi."

Tarumbeta alikuwa mtu mwepesi wa hesabu. Ndiyo sababu walimfanya msimamizi. Uso wake ulionyesha ameifikia hesabu hiyo na kilichokuwa nyuma yake. Aliangaza huku na huku, akamtazama askari, akashuka ngazi moja ili walingane urefu. Kisha akaacha kutumia sauti.

"Mdogo wangu, nielewe," midomo yake ilisema. "Lile daftari walikuwa nalo tangu mwanzo. Nilipiga simu nikajua wanalo. Pensheni ndiyo inanilisha. Wewe una mwana, una mkwe mwalimu, mimi nina..."

Fundo alifumba macho.

Katika miaka ishirini na sita hakuwahi kumfanyia mtu hivyo. Ilikuwa rahisi kuliko alivyodhani: neno lilikatika katikati, na palipokuwa na Tarumbeta pakawa hapana kitu. Alisimama na mkono mmoja juu ya reli, faili limebanwa kwapani. Kuna mambo mfumaji huyapokea kwa viganja na nyayo; mtambo ukianza kulegea yeye huujua sakafuni kabla fundi hajaitwa. Reli ilimletea kishindo cha nyayo zilizopanda ngazi moja kumsogelea. Ikatulia kwa muda mrefu. Kisha zikashuka, moja, nyingine, kwa uzito wa mtu mnene mwenye mkoba upande mmoja, hadi chuma kikatulia kabisa.

Alipofumbua macho askari alikuwa anamtazama.

"Mama, unaumwa?"

"Niazime kalamu," alisema Fundo.

Aliketi kwenye ngazi ya juu, akaliweka faili magotini, na mgongoni mwa jalada lake akaanza kuandika majina ya wale kumi kwa mfuatano kama walivyosimama pichani, kuanzia kushoto.